Safu Ndefu au Milima Mirefu? Jinsi Maswali ya Milima Yanavyotuangusha

Umeme ulikatika Jumamosi usiku, nyumba nzima ikabaki na mwanga wa simu ya mpwa wangu. Tulikuwa Lushoto kwa mama, baridi ya Julai imetukusanya jikoni kuzunguka jiko la mkaa, na yule binti, ambaye yuko kidato cha pili, akaona huo ndio wakati wa kutupima akili. Tangu wafunge shule kazi yake ni chemsha bongo: anasoma swali, sisi wakubwa tunajibu, yeye anacheka.

"Mjomba, safu ya milima ndefu kuliko zote duniani?"

"Himalaya." Sikufikiri hata kidogo.

"Umekosa. Andes."

Nilibisha kama mtu anayedaiwa. Everest uko Himalaya, Everest ndio mlima mrefu kuliko yote, sasa hiyo Andes imetokea wapi? Akanisikiliza mpaka nikamaliza, kisha akasema taratibu, "Mjomba, mimi sijasema milima mirefu. Nimesema safu ndefu."

Ngeli ndiyo iliyoniangusha. Kiswahili kina kivumishi kimoja, -refu, kwa kilichosimama na kwa kilicholala: mnazi mrefu, barabara ndefu. Anayetunga swali la milima kwa Kiswahili anauachia upatanisho ufanye kazi yote. "Safu ya milima mirefu" ni habari ya vimo vya milima. "Safu ya milima ndefu" ni habari ya safu yenyewe, kutoka ncha hadi ncha. Ukisikiliza kwa haraka, umekwisha. Tangu usiku ule nayatazama maswali haya kwa jicho jingine, na naona kwamba mengi yanayotushinda hayatokani na namba tulizosahau. Swali linakuja na kipimo chake mfukoni, sisi tunajibu kwa kipimo cha kwetu.

Tuanze na hilo lililoniumbua. Andes inashuka upande wa magharibi wa Amerika Kusini kwa takriban kilomita 7,000, ikipita Venezuela, Kolombia, Ekuador, Peru, Bolivia, Chile na Argentina. Huo ni karibu umbali wa ndege kutoka Cape Town hadi Cairo. Himalaya, pamoja na sifa zake zote, ina kama kilomita 2,400. Kwa urefu wa kulala hazikaribiani. Kwa kimo mambo yanageuka: kilele cha juu kabisa cha Andes, Aconcagua, kina mita 6,961, wakati Everest una mita 8,848.86, kipimo kilichotangazwa kwa pamoja na Nepal na China mwezi Desemba 2020.

Lakini hata "Andes" ni jibu sahihi kwa sharti tu, na sharti lenyewe ni kwamba tubaki nchi kavu. Chini ya bahari kuna safu nyingine inayozunguka dunia kama mshono wa mpira wa miguu, ikipita katikati ya Atlantiki, ikizunguka kusini mwa Afrika na kuingia Bahari ya Hindi, kisha Pasifiki. Urefu wake ni kama kilomita 65,000. Huko mabamba ya gamba la dunia yanaachana, na mwamba ulioyeyuka unapanda kuziba ufa. Sehemu kubwa haijawahi kuonwa na jicho la mtu. Iceland ni mahali pamoja ambapo safu hiyo imetokeza juu ya maji, watu wakajenga miji. Mwulizaji mjanja akiandika tu "safu ndefu zaidi duniani" bila kusema nchi kavu, anaweza kukunyima alama ukijibu Andes, na atakuwa na haki.

Mchezo huohuo upo kwenye kimo. Ukipima kutoka usawa wa bahari, Everest hauna mpinzani. Ukipima kutoka kitako hadi kilele, Mauna Kea wa Hawaii unaupita: juu ya maji una mita 4,207 tu, lakini kitako chake kiko sakafuni mwa Pasifiki, na jumla inavuka mita 10,000. Ukipima kutoka kitovu cha dunia, mshindi ni Chimborazo wa Ekuador, mlima wa mita 6,263. Dunia si duara kamili, imevimba kiunoni, na ukisimama ikweta uko mbali na kitovu kwa kama kilomita 21 zaidi ya aliyesimama ncha ya kaskazini. Chimborazo uko karibu kabisa na ikweta, basi umebebwa na uvimbe huo. Na hapa kuna jambo ambalo sijawahi kulikuta kwenye chemsha bongo yoyote: kwa kipimo hicho hata Kilimanjaro chetu kinaupita Everest, kwa zaidi ya kilomita moja na nusu. Mlima Kenya nao vilevile.

Kilimanjaro kina kidonda changu cha zamani. Nikiwa sekondari niliulizwa nitaje safu ya milima yenye kilele cha juu zaidi Afrika. Nikaandika "Kilimanjaro" kwa mwandiko wa kujiamini. Mwalimu akapiga mkasi mwekundu bila neno, nami nikakaa miaka nikiamini alikosea yeye. Kilimanjaro, mita 5,895, ndio mlima mrefu kuliko yote Afrika, hilo halina ubishi. Lakini hakimo katika safu. Ni volkano iliyosimama peke yake, yenye vilele vitatu, Kibo, Mawenzi na Shira, vilivyojijenga kwa lava na majivu yao wenyewe. Mlima Kenya, mita 5,199, nao ni volkano ya pekee, imezimika zamani. Ukiondoa hao wawili, jibu la swali la mwalimu wangu ni Rwenzori, mpakani mwa Uganda na Kongo, ambako kilele cha Margherita katika Mlima Stanley kinafika mita 5,109. Na lau angeuliza safu ndefu kuliko zote Afrika, jibu la vitabuni lingekuwa Atlas, inayopita Moroko, Algeria na Tunisia. Maswali matatu yanayofanana kama mapacha, majibu matatu.

Basi safu ni nini? Si milima mingi tu iliyo karibu karibu. Ni milima iliyozaliwa na tukio moja, ikafuatana kwa mstari, na ndiyo sababu anayejua tukio lililoizaa safu anaweza kujibu hata maswali ambayo hakuyasoma.

Chukua Himalaya. Bara Hindi lilikuwa kisiwa kikubwa kikielekea kaskazini, na kati yake na Asia kulikuwa na bahari. Miaka kama milioni 50 iliyopita bara likagonga bara. Mabara ni mepesi, hakuna lililokubali kuzama chini ya mwenzake, basi gamba likakunjamana kama mkeka unaosukumwa ukutani, na tope lililokuwa limetulia chini ya bahari likapandishwa juu pamoja nalo. Mwamba wa kileleni mwa Everest ni wa chokaa, na ndani yake mna visukuku vya viumbe wa baharini walioishi zaidi ya miaka milioni 400 iliyopita. Mpandaji anayefika pale kwa mtungi wa oksijeni anakanyaga sakafu ya bahari.

Andes ni kisa kingine. Pale bamba la bahari linaloitwa Nazca linazama chini ya Amerika Kusini. Linaposhuka linabeba maji yaliyonaswa ndani ya miamba yake, maji hayo yanapenya kwenye mwamba wa moto ulio juu yake na kuufanya uyeyuke kwa urahisi, na uji huo unatafuta njia ya kutokea. Ndiyo maana Andes imejaa volkano na Himalaya haina desturi hiyo. Ukiulizwa ni ipi kati ya safu hizo mbili ina volkano hai, huhitaji kukariri orodha. Jiulize tu kama kuna kitu kinachozama chini yake.

Sisi huku Afrika Mashariki tuna kisa cha tatu, cha gamba kuvutwa. Bonde la Ufa linapanuka, ardhi inapasuka, kipande kimoja kinashuka na jirani yake anainuka. Rwenzori ni bonge la namna hiyo: mwamba mkongwe ulioinuliwa kando ya mkono wa magharibi wa Bonde la Ufa, hauna lava hata tone. Watu wengi huikosea, kwa sababu kusini yake kuna Virunga, volkano nane zilizopangana mpakani mwa Kongo, Rwanda na Uganda, na mbili kati yake, Nyiragongo na Nyamulagira, hazijatulia. Wakazi wa Goma hawahitaji kuelezwa. Lava ya Nyiragongo iliingia mjini Januari 2002, na Mei 2021 ikashuka tena hadi vitongojini. Majirani wawili, mmoja bonge la mwamba, mwingine foleni ya volkano. Kwa mtunga maswali hiyo ni zawadi.

Wasomaji wa Muscat na Nizwa wana safu ya peke yao ya kujivunia. Milima ya Hajar, inayopita Oman na kuingia Emirati, imebeba kipande kikubwa cha sakafu ya bahari kilichosukumwa juu ya nchi kavu badala ya kuzama chini yake, na wanajiolojia hufunga safari kutoka kila upande wa dunia kwenda kukigusa kwa mikono. Ila Hajar haiingii kwenye orodha za kumi bora, kwa hiyo haiulizwi.

Kuna mtego mmoja ambao umewanasa hata walimu. K2, mlima wa pili duniani kwa mita 8,611, uko safu gani? Ukisema Himalaya umekosa. Uko Karakoram, safu jirani, mpakani mwa Pakistan na China. Jina lenyewe lingetusaidia kama tungelisikiliza: mwaka 1856 mpimaji Mwingereza Thomas Montgomerie aliviona vilele viwili kwa mbali akaviandika K1 na K2, na hiyo K ni ya Karakoram. K1 ilikutwa ina jina la wenyeji, Masherbrum. K2 ikabaki na namba ya daftarini mpaka leo. Milima yote duniani inayovuka mita 8,000 ni 14. Kumi iko Himalaya na minne Karakoram. Nje ya safu hizo hakuna hata mmoja.

Safu fupi kwa kimo nazo zina la kusema. Ural ya Urusi haifiki mita 2,000. Appalachia ya Marekani inaishia mita 2,037 kwenye Mlima Mitchell. Mtu akiitazama atasema ni vilima tu. Lakini hao ni wazee: walizaliwa mabara yalipogongana, miaka kama milioni 300 iliyopita, na tangu hapo mvua, barafu na upepo vimekuwa vikiwala. Kwa mapana, kilele kilichochongoka ni dalili ya ujana na mgongo wa mviringo ni dalili ya uzee. Na wakati Appalachia inazaliwa, Atlantiki haikuwapo. Mabara yalipoachana baadaye, safu ile ilikatika vipande. Ndugu zake wako Uskoti, na wengine kusini mwa Moroko katika Atlas Ndogo.

Mipaka na majina nitavipitia haraka, maana hapo ugomvi ni wa watu, milima haihusiki. Mlima mrefu kuliko yote Ulaya ni Elbrus, mita 5,642, ukikubali kwamba mpaka wa Ulaya unafuata mgongo wa Kaukazi. Usipokubali, ni Mont Blanc katika Alps, wenye mita elfu nne mia nane na ushee, na ushee huo hubadilika kwa kuwa kileleni kuna barafu inayonenepa na kukonda. Mlima mrefu wa Australia ni Kosciuszko, mita 2,228, lakini ukihesabu pamoja na kisiwa cha Papua jirani yake, Puncak Jaya una mita 4,884. Sierra Nevada ziko mbili maarufu, moja Hispania na moja California. Kwa Kihispania sierra ni msumeno, na kweli ndivyo zinavyoonekana kwa mbali. Mlima mrefu wa Amerika Kaskazini ulipewa jina la McKinley mwaka 1917 kwa amri ya serikali, ukarudishiwa jina la wenyeji, Denali, mwaka 2015, na mwaka 2025 serikali ikaurudisha kwenye McKinley. Wenyeji wa Alaska hawakuacha kusema Denali miaka yote hiyo.

Swali ninalolipenda kuliko yote halimo katika simu ya mpwa wangu, nami nimeliweka akiba. Ni safu gani ya milima ya Afrika iliyokaa kwenye ramani karibu miaka mia moja bila kuwapo?

Ni Milima ya Kong. Mwaka 1798 James Rennell, mchora ramani mwenye heshima kubwa London, alitumia habari za msafiri Mungo Park, ambaye alisema ameona milima kwa mbali upande wa nchi iitwayo Kong. Rennell alihitaji kueleza kwa nini mto Niger unaelekea mashariki badala ya kushuka moja kwa moja baharini, na ukuta wa milima ulimfaa sana. Akauchora. Wachora ramani wengine wakamnakili, kila mmoja akiongeza kidogo, mpaka safu ile ikavuka Afrika Magharibi yote, na katika ramani nyingine ikaungana na Milima ya Mwezi iliyosimuliwa tangu enzi za Ptolemy, mwanajiografia wa kale. Hakuna aliyeipanda. Hakuna aliyeulizwa mbona hajaipanda.

Sasa weka kando ya kisa hicho kisa cha kwetu. Tarehe 11 Mei 1848 mmisionari Johannes Rebmann, aliyetoka Rabai karibu na Mombasa, alikuwa njiani kwenda Uchaga na kiongozi wake wa msafara, Bwana Kheri. Akaona kitu cheupe juu ya mlima, akadhani ni wingu. Akamwuliza kiongozi wake ni nini kile, naye akamjibu kwa neno moja: baridi. Rebmann akaelewa kwamba anatazama theluji, digrii tatu kutoka ikweta. Mwaka uliofuata mwenzake, Ludwig Krapf, akauona Mlima Kenya, nao una theluji. Habari zilipofika London, mwanajiografia William Desborough Cooley, ambaye hakuwa amekanyaga sehemu hizi, akazikataa: theluji ikweta haiwezekani, macho ya mmisionari yamemdanganya. Ubishi ukaendelea mpaka baroni Karl Klaus von der Decken alipokuja kuupima mlima mwaka 1861 na 1862.

Kwa miaka hiyo yote, basi, ramani za Ulaya zilikuwa na safu ndefu ya milima ambayo haikuwapo, huku mlima uliokuwapo, ulioonwa kwa macho na kuelezwa na mtu aliyeijua baridi yake, ukisubiri kuaminiwa. Mfaransa Louis-Gustave Binger alifika mji wa Kong, ulio Ivory Coast ya leo, mwaka 1888, akatafuta ile milima, hakukuta hata safu ya vilima vya maana. Aliporudi Paris mwaka 1889 na kusema hivyo, Kong ikaanza kufutika ramanini. Mwaka huohuo, mwezi Oktoba, Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walisimama kileleni Kibo.

Asubuhi yake umeme ukarudi, na mpwa wangu akanisindikiza hadi barabarani nikasubiri gari la kushuka Mombo. Ile barabara imechongwa ubavuni mwa mlima, kona juu ya kona, na pale ulipokatwa mwamba unaona mistari myeupe na myeusi iliyopindapinda kama unga uliokandwa, na vipande vya ulanga vinameremeta jua likivipiga. Nikamwambia mawe haya yana zaidi ya miaka milioni 500, yana umri mara kumi ya ule mgongano wa Himalaya, ingawa hayakuinuliwa hapa juu siku hiyo. Yaliinuliwa baadaye sana, bonge kwa bonge, kama Rwenzori. Nikamwambia Usambara ni sehemu ya Tao la Mashariki, linaloanzia Taita nchini Kenya, likapita Pare, Usambara na Uluguru, likaishia Udzungwa.

"Kwa hiyo sisi ni safu?" akauliza.

Hapo nikasita. Kati ya Pare na Usambara kuna nyanda, kati ya Usambara na Uluguru kuna nyanda kubwa zaidi. Ukisimama juu unaona visiwa vya mlima kuliko ukuta. Wanajiolojia wanaviweka pamoja kwa sababu ya mwamba na jinsi vilivyoinuka. Wanabiolojia wanaviweka pamoja kwa sababu ya misitu na viumbe visivyopatikana kwingine. Ila mtu wa kawaida, mwenye macho tu, hawezi kuliona hilo tao.

Tukarudi kumwuliza bibi yake, aliyezaliwa hapa na hajawahi kukaa kwingine kwa zaidi ya mwezi. Alikuwa anachambua maharage, hakuinua uso.

"Safu ndiyo nini? Huku juu ni Shambaai. Kule chini ni nyika. Nyie mnaoshuka mnarudi na malaria."

Mpwa wangu ameliandika hilo kwenye simu yake kama swali, lenye majibu manne ya kuchagua.